Mwanga wa kibatari na macho ya shahidi

Fungua majalada ya rufaa za mauaji au unyang'anyi wa kutumia silaha nchini Tanzania na hutakawia kukutana na taa. Kibatari kilikuwa juu ya meza. Chemli ilikuwa imetundikwa ukutani. Palikuwa na mbalamwezi. Au majambazi wenyewe walikuwa na tochi. Shahidi anaapa kwamba kwa mwanga huo alimwona mshtakiwa, akamtambua, na sura yake haitamtoka kamwe. Kisha majaji wa Mahakama ya Rufani wanauliza jambo ambalo huko chini halikuulizwa: mwanga huo ulikuwa mkali kiasi gani?

Katika rufaa ya Issa Mgara, Na. 37 ya mwaka 2005, Mahakama ya Rufani ililifafanua jambo hilo. Haitoshi shahidi kusema palikuwa na taa, kwa sababu taa za umeme, chemli, vibatari na fanusi havitoi mwanga sawa. Hata anayedai kumfahamu mtuhumiwa tangu zamani anatakiwa aeleze taa ilikuwa ya aina gani na nguvu yake ilikuwaje. Aliyekulia kijijini analielewa hili bila kufundishwa. Kibatari kinakuonyesha sufuria iliyo mbele yako. Mtu aliyesimama mlangoni ni kivuli tu, na upepo ukipuliza hata kivuli hicho hukioni.

Hadi mahakama zetu kufika kwenye kukipima kibatari, safari ilikuwa ndefu. Katika upwa wa Waswahili, kabla ya mahakama za Waingereza, kadhi alihesabu mashahidi na kuwapima. Deni lilithibitishwa kwa wanaume wawili, au mwanamume mmoja na wanawake wawili. Tuhuma ya zinaa ilidai wanne. Kadhi alichunguza pia uadilifu wa shahidi: anaswali, analipa madeni, majirani wanamsemaje. Waingereza walileta kanuni tofauti, tena waliileta kwa kupitia India. Sheria ya Ushahidi ya India ya mwaka 1872 ilisema hakuna idadi maalumu ya mashahidi inayohitajika kuthibitisha jambo lolote. Tanganyika iliitumia sheria hiyo tangu 1920 hadi ilipotunga yake mwaka 1967. Kenya ilitunga yake mwaka 1963. Sheria zote mbili zilikibeba kifungu kile kile, na kwa sadfa zote mbili zilikipa namba 143. Shahidi mmoja anatosha.

Ukiitazama vizuri, mifumo yote miwili ilimwogopa mtu wa aina moja, yaani mwongo. Msahafu au Biblia mkononi, kiapo, adhabu ya kusema uongo mahakamani, maswali ya dodoso kutoka kwa wakili wa upande wa pili, vyote ni mitego ya kumnasa anayedanganya. Mtu mkweli aliyekosea anapita katikati ya mitego hiyo yote bila kuguswa. Hatetemeki. Habadilishi maneno. Anamtazama wakili usoni na kurudia alichosema jana, kwa sababu anakiamini. Kwangu mimi huyu ndiye shahidi wa kuogopwa kuliko wote, na kisa kilichowaamsha Waingereza kuhusu hatari yake kilimpata mgeni mmoja katika mji wao mkuu.

Adolf Beck alikuwa Mnorwe aliyeishi London. Desemba 1895 alikuwa akipita katika mtaa wa Victoria pale mwanamke mmoja alipomzuia na kumshutumu kwamba ndiye tapeli aliyemwibia saa zake. Mjini kulikuwa na mtu aliyejifanya bwana mkubwa mwenye mali, akiwaahidi wanawake kazi au ndoa, akiwapa hundi zisizo na fedha na kuondoka na vito vyao. Polisi waliwaita wanawake wengine waliotapeliwa. Beck aliwekwa kwenye gwaride la utambuzi, na katika kundi lile yeye peke yake ndiye aliyekuwa na mvi na masharubu. Mmoja baada ya mwingine, wanawake walimnyooshea kidole. Polisi mmoja mstaafu akaongeza kwamba huyu ndiye John Smith aliyefungwa mwaka 1877 kwa utapeli wa namna hiyo hiyo.

Beck alisema mwaka 1877 alikuwa Amerika Kusini. Hakusikilizwa. Mwaka 1896 alihukumiwa kifungo cha miaka saba na kazi ngumu. Miaka miwili baadaye ilionekana kwamba kumbukumbu za gereza za John Smith zinaeleza kuwa alikuwa ametahiriwa. Beck hakuwa ametahiriwa. Mwili wenyewe ulikuwa umetoa ushahidi ambao hauwezi kukosea, lakini wakubwa waliupokea kwa kumbadilishia namba ya mfungwa tu, kisha wakamwacha aendelee kutumikia kifungo. Alitoka mwaka 1901. Mwaka 1904 alikamatwa tena kwa utapeli ule ule, wanawake wengine wakamtambua tena, na akatiwa hatiani mara ya pili. Alipokuwa rumande akisubiri adhabu, utapeli ukatokea tena mjini. Safari hii polisi walimkamata mwenyewe, aliyekuwa akijiita Smith, jina lake halisi Wilhelm Meyer. Beck aliachiwa huru na kulipwa fidia ya pauni 5,000. Mwaka 1907 Uingereza ilianzisha mahakama ya rufaa za jinai, na kisa chake kilikuwa miongoni mwa sababu kubwa. Beck alifariki mwaka 1909.

Wale wanawake hawakusema uongo. Waliibiwa kweli, walitaka haki kweli, na walipomtazama Beck walimwona mwizi wao. Wingi wao haukuwasaidia, maana wote waliongozwa na masharubu yale yale. Mahakama ya Rufani ya Uganda ilikuja kulisema jambo hilo katika shauri la Abdalla Nabulere, mwaka 1978: kinachopimwa ni ubora wa utambuzi. Mashahidi watano walioona vibaya hawafiki nusu ya mmoja aliyeona vizuri.

Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ililishika tatizo la gwaride mapema. Mwaka 1936, katika shauri la Mwango mwana wa Manaa, ilikubali kanuni ambazo polisi wa Kenya na Tanzania wanazifuata kwa sehemu kubwa hadi leo. Mtuhumiwa asimamishwe na watu wasiopungua wanane wanaofanana naye kwa umri, kimo, sura na hali ya maisha. Achague mwenyewe pa kusimama, na abadili nafasi kila shahidi anapotoka akitaka. Mashahidi wasimwone kabla. Shahidi amguse anayemtambua, ili pasiwe na ubishi baadaye alimkusudia nani. Laiti kanuni hizo zingekuwapo London mwaka 1895, mtu mwenye mvi asingepangwa peke yake.

Mwaka 1953, katika shauri la Abdallah bin Wendo, mahakama hiyo hiyo ilikikabili kile kifungu cha shahidi mmoja. Haikukikana. Ilisema shahidi mmoja anaweza kutosha kisheria, lakini pale mazingira ya kuona yalipokuwa magumu, ushahidi wake uchunguzwe kwa uangalifu mkubwa na utafutwe mwingine wa kuuunga mkono. Uingereza yenyewe ilichelewa kuwa na mwongozo wa aina hiyo kwa kesi za utambuzi. Kamati ya Lord Devlin ilitoa ripoti mwaka 1976, na mwaka huo huo mahakama ya rufaa ya huko ikaamua shauri la Turnbull, ambalo mawakili wetu hawaachi kulitaja. Devlin alikuta kwamba mwaka 1973 watu 347 walishtakiwa kwa ushahidi wa macho peke yake, na asilimia 74 kati yao walitiwa hatiani.

Wanasaikolojia nao walikuwa wameanza kueleza kwa nini shahidi mkweli hukosea. Mwaka 1974 Elizabeth Loftus na John Palmer wa Marekani waliwaonyesha wanafunzi 150 filamu ya ajali ya magari. Baadhi waliulizwa magari yalikuwa na mwendo gani yalipogongana, na wengine wakaulizwa yalikuwa na mwendo gani yalipobamizana. Baada ya wiki moja wote waliulizwa kama waliona vioo vilivyovunjika. Katika filamu havikuwapo. Kati ya 50 waliosikia "yalipogongana", 7 walisema waliviona. Kati ya 50 waliosikia "yalipobamizana", waliosema waliviona walikuwa 16. Neno moja la muulizaji liliingia kichwani na kuwa kitu kilichoonekana kwa macho. Sasa fikiria kituo cha polisi, usiku, mtu ametoka kuvamiwa, anatetemeka, na askari anamuuliza: "Ni yule kijana wa kwa fundi baiskeli, siyo?"

Tanzania ilipopata Mahakama yake ya Rufani mwaka 1979, haikukawia kuweka msingi. Mwaka 1980, katika shauri la Waziri Amani, ilisema ushahidi wa utambuzi kwa macho ni wa aina dhaifu kabisa, na mahakama isiutegemee mpaka uwezekano wote wa kukosea uwe umeondolewa. Ikaorodhesha ya kuuliza: shahidi alimtazama mtu huyo kwa muda gani, kwa umbali gani, ilikuwa mchana au usiku, mwanga ulikuwaje, aliwahi kumwona kabla? Baadaye iliongeza jambo kuhusu tochi ambalo kila aliyemulikwa usoni analijua: anayeona ni aliyeishika, aliyemulikwa anaona weupe tu. Na katika shauri la Marwa Wangiti Mwita ikasema kumtaja mtuhumiwa mapema, mara tu nafasi inapopatikana, kunaupa ushahidi uzito, na kuchelewa kumtaja bila maelezo kunapaswa kuishtua mahakama.

Sheria hii ni nzuri na ni ya kwetu. Kinachoniuma ni kwamba mara nyingi inasomwa kwa sauti kwenye rufaa, baada ya mtu kulala gerezani miaka, kwa sababu maswali ya Waziri Amani hayakuulizwa kituoni wala katika kesi ya kwanza. Na hapo wanaoumia ni wawili. Aliyefungwa bila kosa anarudi nyumbani na shamba limeuzwa. Aliyevamiwa anamwona mtu aliyemtaja akiachiwa, na mvamizi wa kweli hatafutwi tena.

Maswali hayo si siri ya mawakili. Ukivamiwa, Mungu apishe mbali, waambie polisi usiku huo huo, na uhakikishe yameandikwa kwenye maelezo yako kabla hujatia sahihi: jina kama unalijua, mavazi, kimo, alisimama hatua ngapi kutoka ulipokuwa, taa ilikuwa gani na ilikuwa wapi. Na kama uso wake hukuuona vizuri, sema hukuuona vizuri.