Tarikhi ya Mapango ya Kolo

Msafiri atokaye Dodoma kuelekea Arusha kwa ile njia ya kale ambayo Waingereza waliipa jina la Barabara Kuu ya Kaskazini, baada ya kuupita mji wa Kondoa na kwenda mwendo wa kilomita 20 na zaidi, hufika katika kijiji cha Kolo, ambacho hakina dalili yoyote ya kumjulisha mpita njia kwamba juu ya vilima vinavyokizunguka zimebaki taswira zilizo miongoni mwa hazina kubwa za sanaa katika bara zima la Afrika. Hapo ndipo ilipo ofisi ya mambo ya kale, ambamo mgeni huandikisha jina lake, hulipa ada, kisha hupewa mwongozaji wa kufuatana naye. Na ni vyema ajue tangu mwanzo kwamba pasipo mwongozaji huyo hatafika popote, maana mapango yenyewe yametawanyika katika eneo la kilomita za mraba 2,336, mengi yao yamefichwa na vichaka na mabonde, na njia ziendazo huko zinajulikana na wenyeji tu. Jambo hili la kuonyeshwa njia nalitaja mapema kwa sababu, kama tutakavyoona, ndilo linalounganisha tarikhi yote ya mahali hapa.

Mapango yatembelewayo zaidi ni yale ya Mongomi wa Kolo. Gari huiacha barabara kuu, huvuka mchanga wa mto ambao wakati wa mvua nyingi haupitiki, na hufika mahali ambapo haliwezi tena kuendelea. Kutoka hapo ni kupanda kwa miguu, kilima kikiwa na mwinamo mkali, mpaka mtu asimame chini ya majabali ya matale yaliyorundikana, na nyuma yake, upande wa mashariki, aione nyika ya Wamasai imetandazwa hadi upeo wa macho. Asitazamie mgeni shimo refu lenye giza, la kuingiwa kwa taa, mfano wa mapango ya Amboni kule Tanga. Haya ni majabali makubwa ambayo sehemu zao za juu zimetokeza mbele zikafanya paa, na ukuta ulio chini ya paa hilo, ukiwa umekingwa mvua na jua la mchana, ndio uliotumiwa na wachoraji. Na ni kinga hiyo, wala si kitu kingine, iliyoihifadhi kazi yao kwa muda unaokadiriwa kuwa zaidi ya miaka elfu mbili, na kwa baadhi ya michoro pengine mrefu kuliko hapo kwa mbali sana.

Dakika za kwanza jicho halioni kitu. Lazima lizoee, na mwongozaji aliye hodari huliachia wasaa, haharakishi, ila huonyesha kwa fimbo asiyoiruhusu kuligusa jiwe: hapa ni shingo ya twiga, pale ni mgongo wa pofu, kule ni tembo ambaye mistari yake imeingiliana na ya mnyama mwingine aliyechorwa kabla yake au baada yake. Kisha, taratibu, ukuta wote hujaa. Rangi ni nyekundu iliyokoza, itokanayo na ngeu, yaani ule udongo wenye kutu ya chuma, iliyosagwa na kuchanganywa na kitu cha kuishikanisha, aghalabu mafuta ya mnyama. Na mstari ni mwembamba, wenye uhakika, uliopigwa na mkono usiosita, kwa namna ambayo mtu aliyepata kushika kalamu ya kuchorea hawezi kuutazama pasipo taadhima. Wanyama wamechorwa kwa ujuzi wa mtu aliyewafuata maisha yake yote na kuzijua tabia zao. Lakini binadamu ndio wanaostaajabisha zaidi, kwa kuwa wamerefushwa kupita kiasi cha maumbile, viwiliwili vyembamba kama mianzi, na vichwa vyao vimevikwa nywele au vilemba au vinyago ambavyo havina mfano katika mavazi ya watu wa leo. Wapo waliochuchumaa, wapo walioinama, wapo washikao pinde. Na katika mapango ya Fenga yuko tembo aliyezungukwa na watu katika kitu kinachofanana na boma au mtego.

Palikuwa na mama mmoja mtu mzima wa Kondoa mjini katika kundi nililokwenda nalo, naye ndiye aliyeuliza swali ambalo wataalamu wamelijadili kwa zaidi ya nusu karne. Tulikuwa tumesimama mbele ya ile taswira mashuhuri ambamo mtu mmoja yuko katikati, ameshikwa mikono na wenziwe kutoka pande zote mbili, na walio upande mmoja vichwa vyao vikiwa na umbo lisilo la kawaida. "Mwanangu," alimwambia mwongozaji, "hawa wanacheza ngoma au wananyang'anyana mtu?" Kijana akamjibu kwa adabu: "Mama, hata wasomi hapo hawajaafikiana."

Na kweli hawajaafikiana. Bibi Mary Leakey, ambaye kazi yake nitaieleza punde, aliiona kuwa ni tendo la utekaji: mwanamke anavutwa na watu waliovaa vinyago, na jamaa zake wanajitahidi kumzuia asichukuliwe. Waliokuja baada yake waliitazama taswira hiyo hiyo kwa njia nyingine. Eric ten Raa, aliyeishi miongoni mwa Wasandawe, ambao makao yao hayako mbali na Kondoa na ambao lugha yao ina vidoko visivyopatikana katika lugha nyingi za Kibantu, alichapisha mwaka 1971 makala iliyoonyesha kwamba kwa Wasandawe uchoraji wa majabali haukuwa jambo la wahenga peke yao, bali ulikuwa na uhusiano na ibada walizokuwa wakizijua wenyewe. Baadaye mwanazuoni Imogene Lim, kwa kuchunguza mahali penyewe na ada zinazofanyika hapo, aliitilia mkazo ngoma yao ya simbo, ambamo wachezaji hupandwa na hali isiyo ya kawaida na huigiza simba. Kwa rai hiyo, yule wa kati hatekwi na mtu; ameshikwa na wenziwe asianguke, akiwa amepotewa na fahamu za dunia hii. Mimi nimeelemea upande wa rai hii ya pili, kwa sababu imetoka kwa watu ambao bado wanaujua mwendo wa ngoma yenyewe, ilhali ile ya kwanza imetoka katika jicho peke yake, ingawa jicho hilo lilikuwa kali kupita mengi.

Jicho la Mary Leakey lilifunzwa mapema. Baba yake alikuwa mchoraji, na katika utoto wake alichukuliwa kusini-magharibi mwa Ufaransa, akaingia katika mapango ya kale ya nchi ile. Hivyo alipofika Kondoa mwaka 1935 pamoja na Louis Leakey, wakitoka katika kazi zao za Olduvai, alikuwa tayari mtu wa kujua ni kitu gani anachokitazama. Hakuwa wa kwanza. Bwana Nash, aliyekuwa akishughulika na uchunguzi wa mbung'o, alikuwa amekwisha kuandika habari za michoro ya karibu na Kondoa mwaka 1929. Daktari wa Kijerumani Ludwig Kohl-Larsen alikuwa akizunguka katika nchi hizo katika miaka ile ile ya thelathini. Mwaka 1937 mahali hapa palitangazwa kuwa kumbukumbu ya taifa. Na mwaka 1950 Henry Fosbrooke na wenziwe walitoa katika jarida la Tanganyika Notes and Records toleo lililokusanya habari za michoro ya miamba ya nchi nzima. Lakini kazi kubwa ni ya mwaka 1951, wakati Bibi Leakey na mumewe walipopiga kambi hapa kwa miezi ipatayo mitatu, wakaorodhesha mapango 186, naye akanakili taswira zipatazo 1,600.

Namna alivyofanya inastahili kuelezwa. Alitandika karatasi yenye kupenyeza mwanga juu ya ukuta, akafuatisha kila mstari kwa mkono, wakati mwingine akiwa amelala chali juu ya jukwaa, kisha akazipunguza nakala hizo kwa kipimo na kuzitia rangi upya, akizitenganisha taswira zilizopandana ili ijulikane ipi ilitangulia na ipi ilifuata. Kazi hiyo ilingoja zaidi ya miaka thelathini kabla ya kutoka kitabuni mwaka 1983. Na yeye mwenyewe, aliyekuja kupata umashuhuri wa dunia kwa fuvu la kale alilolifukua Olduvai mwaka 1959, alikiri kwamba mawe na mifupa ya maisha yake yote havikumpa habari za nywele, nguo, ngoma na furaha za watu kama alivyopewa na kuta za Kondoa. Nakala zake leo zina faida nyingine ambayo huenda hakuikusudia, kwani kuna sehemu ambazo karatasi ya 1951 inaonyesha wazi kuliko jiwe lenyewe.

Juu ya umri wa michoro, hadhari inatakiwa, maana rangi ya ngeu haina ndani yake kitu chepesi cha kupimwa. Kilichopimwa vizuri ni ardhi iliyo chini ya kuta. Katika pango la Kisese, ambalo Ray Inskeep alilichimba mwaka 1956, zilipatikana tabaka za makao ya binadamu, zana za mawe, vipande vya ngeu na shanga zilizochongwa kwa maganda ya mayai ya mbuni. Na vipimo vilivyofanywa upya katika miaka ya karibuni vimethibitisha kwamba watu wamekaa hapo kwa zaidi ya miaka 40,000.

Kando ya taswira nyekundu, na mara nyingi juu yake, ipo michoro myeupe: minene, isiyo na urembo mwingi, mingi yao ikionekana kuchorwa kwa kidole, yenye maumbo ya duara na mistari na wanyama wanaotambaa. Wageni wengi huipita haraka. Nadhani wanakosea, kwa sababu michoro hii myeupe, ambayo kwa wingi huonekana upande wa Pahi, ni kazi ya wakulima wenye kusema lugha za Kibantu waliokuja baadaye, na kwayo tunaona kwamba mahali palipoheshimiwa na wawindaji wa kale paliheshimiwa pia na wale waliowarithi, wakaongeza ya kwao badala ya kuifuta ya wenziwao.

Heshima hiyo haijakoma. Warangi, ambao ndio wenyeji wa Kolo na ambao wengi wao ni Waislamu tangu misafara ya watu wa pwani ilipopita na kutua Kondoa katika karne ya kumi na tisa, wana wazee ambao, mvua ikichelewa, hupanda Mongomi kufanya tambiko, huchinja mnyama na kunyunyiza pombe ya nafaka mahali pale. Hapo pana mgongano wa kweli, usiofaa kufichwa: mhifadhi huona kwamba pombe na mafuta yakirushwa juu ya ukuta huidhuru rangi, na mzee huona kwamba ukuta usioombewa hauna maana ya kuhifadhiwa. Kwa muda mrefu serikali ililitazama jabali na kumsahau mzee. Katikati ya karne iliyopita baadhi ya mapango yalizungushiwa wavu wa waya. Wavu huo kwa sehemu kubwa haukudumu, na sishangai, kwa kuwa uliwekwa kuwazuia watu ambao hawakuulizwa. Huo si ulinzi.

Tena wako waliodhuru pasipo ibada wala elimu. Mwezi wa Aprili 1916 majeshi ya Waingereza chini ya Jenerali van Deventer yaliiteka Kondoa Irangi, na mwezi wa Mei von Lettow-Vorbeck, mkuu wa majeshi ya Wajerumani, akashambulia ili kuurudisha mji asifaulu. Na kutokana na vita hivyo pakazaliwa uvumi kwamba Wajerumani, kabla ya kuondoka, walizika dhahabu chini ya majabali yenye michoro. Kwa ajili ya uvumi huo watu wamechimba mashimo katika sakafu za mapango, wakitupa nje udongo ambao kila kiganja chake kilikuwa na habari za maelfu ya miaka. Wengine wameandika majina yao. Wengine humwagia maji ukuta ili picha ya kamera itoke na rangi kali, wasijue kwamba maji hayo huacha chumvi nyeupe inayozifunika taswira kwa utando usioondoka. Mwongozaji wetu alitaja haya yote kwa uchungu ulioonekana usoni mwake, akamwomba kila mmoja wetu asiguse.

Mwaka 2006 UNESCO iliyaingiza mapango ya Kondoa katika orodha ya urithi wa dunia, na ni jambo la kutia moyo kwamba miongoni mwa sababu zilizotajwa, pamoja na ubora wa michoro, ilikuwa hiyo ada ya wenyeji ambayo bado ni hai. Hata hivyo idadi kamili ya mapango haijulikani: makadirio yenyewe hutoka 150 hadi 450, na tofauti hiyo kubwa maana yake ni kwamba yako majabali mengi ambayo hayajapata kunakiliwa na mtu yeyote. Wachungaji wayajua baadhi yake, kwa kuwa hujikinga mvua humo, na warina asali wayajua mengine. Wasomi waliotangulia waliorodhesha mapango kwa namba na herufi, nao waliowaelekeza aghalabu hawakuandikwa. Orodha itakayofuata, ikiwa itafanywa kabla mistari haijafifia zaidi, yafaa ianze kwa kuwauliza hao, na majina yao yaandikwe kando ya kila pango watakaloonyesha.