Mafindofindo, nyama za puani na kisu

Leo tunazungumza juu ya mtoto anayekoroma kama mzee, analala mdomo wazi, na koo halimwishi kuuma.

Mtoto kama huyu, huku kwetu pwani, bibi atasema, "Ana kimio huyo, akakatwe." Kimio ni kile kinyama kinachoning'inia nyuma ya koo, katikati. Mkataji huja na wembe au kisu, na kazi huisha kwa dakika chache. Bibi hana nia mbaya, lakini kimio hakina kosa. Wako watoto waliofikishwa hospitalini wakivuja damu, wengine na pepopunda, na kukoroma kuko palepale.

Kinachoziba njia ni mafindofindo, yaani tezi mbili za kando ya koo, na nyama za puani, zilizojificha juu nyuma ya pua. Hizi huzioni hata mtoto apanue mdomo vipi, ndiyo maana zilichelewa kujulikana. Celsus, mwandishi wa Roma, alieleza namna ya kung'oa mafindofindo kwa kidole karibu miaka 2,000 iliyopita. (Hebu fikiria, bila dawa ya usingizi!) Nyama za puani zilingoja mpaka 1868, Wilhelm Meyer wa Copenhagen alipoingiza kidole nyuma ya kaakaa la binti mwenye pua iliyoziba na masikio mazito, akazigusa.

Baada ya hapo madaktari nao wakapenda kisu kupita kiasi. Mwaka 1934 huko New York walichunguzwa watoto wa shule 1,000. Watoto 611 walikuwa wameshakatwa mafindofindo. Waliobaki 389 wakapelekwa kwa madaktari, wakasema 174 wakatwe. Wale 215 walioambiwa ni wazima wakapelekwa kwa madaktari wengine, nao wakachagua 99. Wakabaki 116, madaktari wa tatu wakachagua 51. Katika 1,000, walioponyoka ni 65 tu! Kwa hiyo tusimcheke mkataji wa kimio peke yake.

Penisilini ilipoenea baada ya Vita vya Pili vya Dunia, haja ya kukata ikapungua. Mwaka 1984 Jack Paradise na wenzake wa Pittsburgh, Marekani, wakatoa hesabu inayotumika hadi leo: koo liugue vibaya mara 7 kwa mwaka mmoja, au mara 5 kila mwaka kwa miaka 2, au mara 3 kila mwaka kwa miaka 3. Sababu nyingine kubwa ni pumzi kukatika usingizini.

Basi mama, andika tarehe kila koo linapougua. Usiku sikiliza: akikoroma, akanyamaza kama anayekabwa, kisha akashtuka na kuvuta pumzi kwa nguvu, mweleze daktari wa Ngao au kituo cha afya kilicho karibu. Atakupa barua ya kwenda kwa mtaalamu wa masikio, pua na koo, ambaye pengine utamfuata mpaka Mombasa.

Mtoto hupasuliwa akiwa amelazwa kwa dawa. Utando mweupe utakaouona kooni baadaye si usaha. Cha kuogopwa ni damu, hasa kati ya siku ya 5 na ya 10. Ikitoka, rudi hospitali saa hiyo hiyo. Na mnakumbuka Novemba 2023 mafuriko yalivyokata barabara ya Malindi na Garsen. Kama ni msimu wa mvua na una ndugu Malindi au Mombasa, kaa kwake mpaka siku hizo zipite.