Uwanja wa Concorde na Kifo cha Mfalme

Uwanja mkubwa kuliko vyote mjini Paris ulijengwa ili mfalme atukuzwe. Mwaka 1748 wakuu wa mji waliamua kumsimamishia Louis XV sanamu ya shaba akiwa juu ya farasi, na msanifu Ange-Jacques Gabriel ndiye aliyechora uwanja wa kuizunguka. Palikuwa ukingoni mwa mji, penye nafasi kati ya bustani ya kasri la Tuileries na miti ya Champs-Élysées, mto Seine ukipita upande wa kusini. Sanamu ilizinduliwa mwaka 1763, na uwanja ukachukua jina la mfalme huyo.

Tarehe 30 Mei 1770 watu walimiminika hapo kutazama fataki za harusi. Bwana harusi alikuwa mjukuu wa mfalme, kijana wa miaka 15. Bibi harusi, binti wa Maria Theresa wa Austria, alikuwa na miaka 14. Fataki zilipokwisha, umati ulijisonga katika barabara ya Rue Royale, ambako ujenzi ulikuwa haujamalizika na mitaro ilikuwa wazi. Watu wakakanyagana. Hesabu ya serikali ilitaja maiti 132, nazo zikazikwa katika makaburi ya parokia ya Madeleine, mwendo mfupi kutoka hapo. Kijana yule aliposikia habari, alitoa posho yake ya mwezi wapewe waliofiwa. Jina lake lilikuwa Louis, na mkewe Marie Antoinette. Alitawala kuanzia mwaka 1774 kama Louis XVI, na miaka 22 na karibu miezi minane baada ya fataki zile alikatwa kichwa katika uwanja huohuo, akazikwa katika makaburi yaleyale.

Njia iliyomfikisha huko inajulikana, nami nitaipita haraka. Hazina ilikauka, Baraza la Matabaka Matatu likaitishwa mwaka 1789, gereza la Bastille likavamiwa. Mfalme alikubali katiba kwa mdomo huku moyo wake ukiwa kwingine. Usiku wa tarehe 20 Juni 1791 alitoroka Paris na familia yake, akakamatwa Varennes na kurudishwa. Aprili 1792 Ufaransa ikaingia vitani na Austria, nchi ya shemeji zake, na watu wakaanza kuuliza kama aliye juu yao anaomba washinde au washindwe. Tarehe 10 Agosti kasri la Tuileries lilivamiwa, walinzi wa Kiswisi wakauawa kwa mamia, na siku tatu baadaye familia ya kifalme ikafungiwa katika mnara wa Temple. Katika siku hizohizo sanamu ya Louis XV iliangushwa, ikabaki nguzo yake tupu. Uwanja ukaitwa Uwanja wa Mapinduzi.

Kesi haikuendeshwa uwanjani. Iliendeshwa hatua chache kutoka hapo, kando ya bustani ya Tuileries, katika ukumbi uitwao Manège. Ulikuwa umejengwa kwa ajili ya kufundishia farasi wa kifalme: mrefu, mwembamba, sauti ikipotea kabla ya kufika mwisho. Humo ndimo lilimokaa bunge jipya, Konvensheni, ambalo Septemba 1792 lilifuta ufalme na kutangaza jamhuri. Swali la nini afanyiwe mfalme aliyevuliwa taji lilikuwa halijajibiwa. Mnamo Novemba fundi wa kufuli aliyeitwa Gamain, aliyewahi kumfanyia mfalme kazi, alifichua kabati la chuma lililokuwa limejengewa ndani ya ukuta wa Tuileries. Barua zilizokutwa humo zilionyesha jinsi kasri lilivyokuwa likizungumza kwa siri na maadui wa mapinduzi. Baada ya hapo kukaa kimya hakukuwezekana tena.

Tatizo la sheria lilikuwa zito kweli, na halipaswi kudharauliwa kwa sababu tu mwisho wake tunaujua. Katiba ya 1791 ilimpa mfalme kinga: mwili wake haukuguswa, na kosa kubwa kabisa, hata la kuongoza jeshi dhidi ya taifa, lilikuwa na adhabu moja tu, kuhesabiwa kuwa amejiuzulu. Mbunge kijana Saint-Just, mwenye miaka 25, alisimama tarehe 13 Novemba akasema mfalme si mshitakiwa wala si raia. Ni adui, na adui hapelekwi mahakamani, hupigwa. Mbunge mwenzake Robespierre naye alishika hoja hiyo Desemba: ukimfungulia Louis kesi umekubali kwamba huenda hana hatia, na kama hana hatia, basi wenye hatia ni mapinduzi. Ni hoja ya kutisha, lakini inakubali waziwazi kwamba hapana hakimu aliye nje ya ugomvi. Konvensheni haikutaka kusema hivyo. Ilitaka kesi, na ilitaka yenyewe iwe mshitaki, wazee wa baraza la mahakama na hakimu kwa pamoja.

Louis aliletwa Manège tarehe 11 Desemba. Barère, aliyekuwa kiongozi wa kikao, alimwita Louis kwa jina lake tupu, akamsomea mashitaka na kumwuliza moja baada ya jingine. Mfalme alijibu kwa utulivu, ila alikosea kwa jambo moja kubwa: alikana kabati la chuma na akakana hata mwandiko wake mwenyewe. Waliokuwa tayari kumwonea huruma waliona anawadanganya machoni.

Alipoambiwa achague mawakili, mmoja wa aliowataka, Target, alijitoa. Aliyejitokeza bila kuitwa ni Malesherbes, mzee wa miaka 71. Huyu si mtu wa kupitwa. Katika utawala wa zamani alikuwa msimamizi wa biashara ya vitabu, na alitumia cheo hicho kuilinda Encyclopédie ya Diderot isiangamizwe na serikali aliyoitumikia. Aliwahi kuwa waziri wa Louis. Sasa aliandika kuomba amtetee, akijua fika anachojitafutia. Pamoja naye walikuwa Tronchet na wakili kijana kidogo, de Sèze, ndiye aliyezungumza tarehe 26 Desemba. De Sèze aliwapa wabunge pande mbili za kuchagua. Kama Louis ni mfalme, katiba imeshamwadhibu kwa kumvua ufalme. Kama ni raia, ziko wapi haki ambazo raia yeyote anapewa: wazee wa baraza la mahakama, kura ya siri, idadi ya kura kubwa kuliko nusu? Alisema anatafuta mahakimu ukumbini na anaona washitaki tu. Kwa sheria, sioni jinsi ya kumpinga. Alikuwa sahihi, na hilo halikumsaidia mteja wake.

Sababu ni kwamba Louis kwa matendo alikuwa na hatia, na karibu kila mtu ukumbini alilijua hilo. Tarehe 15 Januari 1793 wabunge waliulizwa kama alikula njama dhidi ya uhuru wa taifa. Waliosema ndiyo walikuwa 693. Hakuna aliyesema hapana; wachache walikataa kupiga kura. Pendekezo kwamba hukumu ipelekwe kwa wananchi waiidhinishe lilishindwa. Ikabaki adhabu.

Kwangu mimi hapa ndipo moyo wa kesi ulipo. Kura ya adhabu ilianza jioni ya tarehe 16 Januari, ikaendelea usiku kucha na mchana wa tarehe 17. Kila mbunge aliitwa jina, akapanda jukwaani mbele ya watu waliojazana, akatamka adhabu anayoitaka. Aliyependa alieleza na sababu. Walikuwa 721. Hakukuwa na sanduku wala karatasi ya kujifichia. Philippe, Duki wa Orléans, binamu wa mfalme aliyechukua jina la Égalité, yaani Usawa, alipanda akatamka kifo. Condorcet, mwanafalsafa, alisema hawezi kumpa mtu adhabu ya kifo, awe mfalme au asiwe. Thomas Paine, Mwingereza aliyepigania uhuru wa Marekani na kuchaguliwa Konvensheni, alitaka Louis afungwe mpaka vita viishe kisha apelekwe uhamishoni. Aliwahi kueleza kwamba Marekani ingemfaa. Vergniaud, aliyekuwa ametetea kwa nguvu zote hukumu ipelekwe kwa wananchi, alipiga kura ya kifo, na kwa kuwa ndiye aliyeongoza kikao, ilimlazimu kutangaza matokeo. Waliotaka kifo bila sharti walikuwa 361. Wengine 26 walitaka kifo lakini wakaomba utekelezaji ujadiliwe. Waliotaka kifungo, uhamisho au kifo chenye masharti walikuwa 334. Ombi la kuahirisha lilikataliwa kwa kura 380 dhidi ya 310.

Wapo wanaosema kura ya wazi ilikuwa kitisho, kwamba wenye woga walisukumwa na kelele za wasikilizaji. Kitisho kilikuwapo. Lakini hao 334 nao walipanda jukwaa lilelile, wakasikiwa na umati uleule. Tangu usiku ule kila jina lilikuwa na neno lake pembeni, na neno hilo halikufutika tena.

Mnarani Temple, Louis alikuwa akisoma. Miongoni mwa vitabu vyake ilikuwamo historia ya Uingereza ya David Hume, yenye habari za Charles I, mfalme aliyekatwa kichwa London mwaka 1649. Jioni ya tarehe 20 aliagana na mkewe, dada yake na watoto wawili. Asubuhi ya tarehe 21 Januari alitolewa akiwa na padri Edgeworth de Firmont, mzaliwa wa Ireland. Gari lililofungwa liliendeshwa polepole zaidi ya saa moja, askari wakiwa wamepangwa pande zote za barabara na ngoma zikipigwa mbele. Gilotini, mashine ya kukatia vichwa, ilikuwa imesimamishwa kati ya nguzo tupu ya babu yake na mwanzo wa Champs-Élysées. Alikataa kufungwa mikono, padri akamnong'oneza, akakubali. Jukwaani aliugeukia umati, akasema anakufa bila hatia na kwamba anawasamehe. Alitaka kuendelea, ngoma zikazima sauti yake. Ilikuwa saa nne na dakika 22 asubuhi. Alikuwa na miaka 38. Charles-Henri Sanson, aliyeshusha kisu, alisoma baadaye gazetini kwamba mfalme aliingiwa na hofu, akaandika kukanusha: alimwona akivumilia yote kwa utulivu na uthabiti uliowashangaza wote. Maiti ilipelekwa Madeleine, ikamwagiwa chokaa.

Mawimbi ya asubuhi ile yalifika mpaka bahari yetu. Machi 1793 Konvensheni iliamua kwamba kisiwa cha Bourbon, kilichobeba jina la ukoo wa mfalme, kiitwe La Réunion. Mashamba ya kisiwa hicho na ya jirani yake, Mauritius ya leo, yalilimwa na watumwa, wengi wao wakitoka pwani ya Afrika Mashariki. Mwaka 1776 Mfaransa Morice alikuwa amefunga mkataba na Sultani wa Kilwa wa kuuziwa watu 1,000 kila mwaka. Februari 1794 Konvensheni hiyohiyo ilifuta utumwa katika makoloni yote. Wenye mashamba wa visiwa vile walikataa, na wajumbe waliotumwa na sheria hiyo mwaka 1796 walifukuzwa. Mtu aliyetolewa Kilwa aliona jina la kisiwa likibadilika, naye akabaki mtumwa. Huo ndio mpaka wa uhuru uliotetewa Manège, na unastahili kuwekwa katika historia ya kesi hii.

Huko Paris, gilotini ilirudi uwanjani na kuwafuata hata waliopiga kura. Marie Antoinette alikatwa kichwa hapo Oktoba 1793, Vergniaud mwisho wa mwezi huohuo, Philippe Égalité Novemba. Malesherbes alifuata Aprili 1794, baada ya kulazimishwa kumtazama binti yake na mjukuu wake wakitangulia. Robespierre na Saint-Just walifika Julai 28 mwaka huo. Zaidi ya watu 1,000 walikufa katika uwanja huo. Mwaka 1795 serikali iliyochoka na damu iliuita Concorde, yaani Maafikiano.

Baada ya hapo mji ulifuta kila palipohusika. Manège ulibomolewa ili barabara ya Rue de Rivoli ipite. Mnara wa Temple ulibomolewa kwa amri ya Napoleon. Kasri la Tuileries liliteketea mwaka 1871. Ndugu wa mfalme aliyeuawa, Louis XVIII, aliposhika madaraka aliifukua mifupa ya kaka yake mwaka 1815, akaizika Saint-Denis, na juu ya makaburi ya zamani akajenga kanisa dogo la toba. Lakini orodha ya kura ilikuwapo. Sheria ya Januari 1816 iliwafukuza nchini wale waliopiga kura ya kifo kisha wakamuunga mkono Napoleon aliporejea kutoka Elba. Miongoni mwao alikuwa mchoraji Jacques-Louis David, aliyefia Brussels mwaka 1825.

Mwaka 1830 mapinduzi mengine yalimweka kitini Louis-Philippe, mtoto wa Philippe Égalité. Angeweka nini katikati ya uwanja huo? Sanamu ya mfalme ingekuwa kumlaani baba yake. Alama ya jamhuri ingekuwa kujilaani mwenyewe. Muhammad Ali wa Misri alikuwa ameipa Ufaransa mnara wa jiwe kutoka Luxor, wenye urefu wa karibu mita 23 na uzito wa zaidi ya tani 220, uliochongwa sifa za Ramesses II. Ulipandishwa tarehe 25 Oktoba 1836, naye akitazama. Jiwe la Kiafrika lisilomjua Louis wala Robespierre lilikubalika kwa pande zote, na ndiyo sababu lilichaguliwa.

Tarehe 24 Februari 1848 Paris ilimwasi na yeye. Louis-Philippe alitia saini kujiuzulu, akashuka kwa miguu kupitia bustani ya Tuileries hadi uwanjani, na karibu na mnara ule akapanda gari lililokuwa likimsubiri. Siku chache baadaye alivuka bahari kwenda Uingereza kwa jina la Bwana Smith.