Msitu wa Arabuko-Sokoke na pango la Panga ya Saidi: Ziara fupi kutoka Muyeye

MGENI anayefikia Muyeye, mtaa wa mji wa Malindi, huonyeshwa bahari kwanza. Baada ya siku mbili tatu za mchanga na chumvi, wapo wanaouliza swali ambalo wenyeji wengi hawalitarajii: je, pwani hii ina mapango ya vimulimuli na msitu wa kale ambao mtu aweza kuutembea kwa saa chache akiwa na mwongozaji?

Jibu ni kwamba msitu upo, pango lipo na vimulimuli wapo. Ila havipatikani mahali pamoja, na anayetaka kuviona vyote sharti agawanye safari yake.

Tuanze na hao vimulimuli, kwa kuwa ndio wanaoleta mkanganyiko. Mapango yanayong'aa ambayo wageni huyasikia sifa zake yako New Zealand, hususan Waitomo. Kinachowaka humo si kimulimuli wa kwetu bali ni buu la mdudu mdogo wa jamii ya visubi. Buu hilo hujibandika kwenye dari ya pango, likateremsha nyuzi zenye ulimbo na kuwasha mwanga ili kuwavuta wadudu wanaopeperuka gizani, wakanasa. Wadudu wa jinsi hiyo wanapatikana New Zealand na Australia pekee. Kimulimuli wa Pwani ya Kenya, ambaye wengine humwita kimetameta, ni mdudu wa jamii ya mende wenye mabawa magumu. Taa yake ni ya posa, kwani dume na jike huitana kwa kumulika. Makao yake si pangoni. Hukaa penye nyasi na majani yenye unyevu, na huonekana zaidi nyakati za mvua. Kwa hivyo anayeuza ziara ya "pango la vimulimuli" katika Kaunti ya Kilifi anauza asichokuwa nacho.

Msitu, kwa upande wake, hauhitaji kutiwa chumvi. Arabuko-Sokoke uko chini ya kilomita 20 kutoka Malindi, kandokando ya barabara kuu ya kwenda Mombasa. Matatu hupita Msabaha na kufika Gede kwa muda mfupi, na kituo cha msitu hakiko mbali na njiapanda ya kuingia Watamu. Abiria wengi huupita msitu huu wakisinzia. Wakizinduka, huona ukuta wa miti mkono mmoja na minazi na maduka mkono wa pili, na wasijue kuwa wamepakana na kipande kikubwa kuliko vyote vilivyosalia vya msitu mkavu wa pwani katika Afrika Mashariki. Hapo zamani misitu ya aina hii ilitanda kutoka Somalia hadi Msumbiji. Leo imebaki vipande vipande, na Arabuko-Sokoke, wenye ukubwa wa kilomita mraba 420 hivi, ndio ulionusurika ukiwa mzima zaidi. Serikali ya kikoloni iliutangaza kuwa msitu wa hifadhi mwaka 1943.

Mwongozaji mwema hamwanzishi mgeni kwa wanyama, humwanzisha kwa udongo. Upande wa mashariki, ambako ardhi ni ya kijivu, miti huchanganyika na mbambakofi hutoa vivuli vipana. Ukienda mbele ukakanyaga mchanga mweupe usio na rutuba, mara msitu unafunguka na mwanga kupenya. Hapo ni kwa mirihi, miti mirefu iliyopisha nafasi baina yake. Kisha, upande wa magharibi, udongo hugeuka mwekundu kama ulionyunyizwa kutu, na miti hubana hata mtu asione hatua kumi mbele. Misitu mitatu katika msitu mmoja, na mpaka baina yake ni rangi ya ardhi iliyo chini ya kiatu.

Kila mahali pana wakazi wake. Humu wamehesabiwa ndege wa aina zaidi ya 230 na vipepeo zaidi ya 250. Kwenye mirihi huishi mnana wa Clarke, ndege ambaye haonekani popote duniani isipokuwa katika Kaunti ya Kilifi. Kwenye majani makavu yaliyoanguka hutafuta riziki sengi wa kiuno cha dhahabu, mnyama mwenye ukubwa unaokaribia ule wa sungura na pua ndefu mfano wa mkonga. Asubuhi na mapema ndio wakati wake. Ukisikia mchakato wa majani kisha kimya, simama. Yumkini yeye naye amesimama anakusikiliza. Akishtuka hupiga mkia wake chini, akatimka, na kinachoonekana ni kile kiraka cha dhahabu kikipotea vichakani. Kiraka hicho kina kazi yake. Ngozi ya hapo ni nene kuliko sehemu nyingine za mwili, na wataalamu wanaona kwamba humkinga meno ya adui.

Tembo nao wamo. Hiyo ndiyo sababu ya kwanza ya kutoingia bila mwongozaji, maana katika kichaka cha udongo mwekundu mtu huweza kumkaribia tembo pasipo kumwona. Sababu ya pili ni kwamba bila mtu anayeijua sauti ya kila kiumbe, msitu huu huonekana kama hauna kitu.

Hilo hudhihirika zaidi magharibi jua likishatua. Kwa maoni ya mwandishi huyu, matembezi ya usiku ndiyo kilele cha ziara nzima. Katika miti ya udongo mwekundu huishi bundi wa Sokoke, mmoja wa bundi wadogo kabisa barani Afrika, asiyezidi sana urefu wa kiganja cha mtu mzima. Alijulikana kwa wanasayansi katika miaka ya 1960, na nje ya Kenya anapatikana chini ya milima ya Usambara nchini Tanzania. Mwongozaji huiga mlio wake kwa mluzi, akatulia, akaiga tena. Bundi akijibu, kundi zima hunyata kuelekea sauti. Wakati mwingine hapatikani, na asiyeweza kuvumilia hilo ni afadhali abaki hotelini.

Lakini msitu huu umekuwa na mgogoro wa muda mrefu na majirani zake, na ziara isiyoutaja huwa nusu ziara. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 wakazi wengi wa kando ya msitu walitaka ukatwe wagawiwe mashamba. Hawakuwa na sababu ya kuupenda. Tembo na nyani walikuwa wakivuna mahindi yao, na aliyeingia kukata mti alikamatwa. Miti ya thamani, hasa muhuhu unaopendwa na wachonga vinyago, ilikuwa ikitoweka kimyakimya.

Mwaka 1993 ulianzishwa mradi wa Kipepeo, wenye makao yake katika magofu ya Gedi. Mpango wake ulikuwa mwepesi kuuelewa. Mkulima anaruhusiwa kupata vipepeo wazazi msituni, anafuga viwavi nyumbani kwake kwa kuwalisha majani ya miti waliyoizoea, kisha anauza pupa, yaani kiwavi aliyejifungia kabla ya kuota mabawa. Pupa husafirishwa kwa ndege hadi kwenye maonyesho ya vipepeo Ulaya na Marekani. Biashara hiyo haiwezekani pasipo msitu, maana wazazi hutoka humo. Aidha, tangu mwaka 2001 ada zinazolipwa na wageni wanaozuru msitu na hori ya Mida zimekuwa zikisaidia kulipia karo wanafunzi wa shule za sekondari kutoka familia za kando ya msitu, kupitia mpango wa shirika la A Rocha Kenya.

Haimaanishi kwamba ukataji umekwisha. Visiki bado vinaonekana. Hata hivyo, mwaka 2014 ulipojitokeza mpango wa kutafuta mafuta kwa kupima mitetemo ndani ya msitu, wakazi walikuwa miongoni mwa walioupinga pamoja na wahifadhi, na mpango ukasitishwa. Hao ni watu wa vijiji vilevile ambavyo miaka 20 kabla ya hapo vilitaka ufyekwe.

Pango linahitaji siku yake. Panga ya Saidi liko katika vilima vya Dzitsoni, nyuma ya mji wa Kilifi, kilomita 15 hivi kutoka baharini, kwa hivyo anayetoka Muyeye hana budi kupita Gede na kwenda hadi Kilifi kabla ya kuiacha barabara kuu. Jina lenyewe ni la lugha za Kimijikenda, ambamo panga ni pango. Mwamba wake ni chokaa ya kale sana, na sehemu za dari ziliporomoka zamani, hivyo jua huingia na mizizi kuning'inia. Asitarajie mtu nyota za Waitomo. Ukimya wa humo ni wa namna nyingine.

Wanaakiolojia, wakiwemo wa Makavazi ya Kitaifa ya Kenya na wa Taasisi ya Max Planck ya Ujerumani, walianza kuchimba hapo mwaka 2010. Walichokuta ni tabaka juu ya tabaka za maisha ya binadamu, kwa muda wa miaka 78,000, zikiwa na zana za mawe, mifupa ya wanyama waliowindwa na ushanga wa gamba la baharini wenye umri wa miaka 65,000 hivi. Walioishi hapo walizungukwa na msitu uliochanganyika na mbuga, na jambo la kushangaza ni kwamba, ijapokuwa bahari haikuwa mbali, chakula chao kikuu kilitoka bara.

Mwaka 2013 waligusa ukingo wa shimo dogo lililojazwa udongo. Mwaka 2017 shimo hilo lilifunuliwa lote, takriban mita tatu chini ya sakafu ya pango. Mifupa ilikuwa imeoza kiasi cha kusagika kwa kuguswa, ikabidi donge zima lifungwe kwa plasta na kupelekwa Nairobi, kisha Burgos nchini Uhispania kwa uchunguzi. Matokeo yalichapishwa Mei 2021 katika jarida la Nature. Alikuwa mtoto wa miaka miwili na nusu hadi mitatu, aliyelazwa kwa ubavu wa kulia na magoti yake yakakunjwa kuelekea kifuani. Jinsi mifupa ilivyokaa ilionyesha kuwa mwili ulikuwa umefungwa katika kitu kama sanda ya majani au ngozi, na kichwa kiliwekewa mto. Alizikwa miaka 78,000 iliyopita, na ndiyo maziko ya kale zaidi ya binadamu wa jinsi yetu yanayojulikana barani Afrika. Watafiti walimpa jina la Mtoto.

Wenyeji hawakungoja watafiti kulitukuza pango hili. Limekuwa mahali pa ibada na sadaka, na anayeingia hutakiwa kuomba ruhusa kwanza kwa wazee, asipige kelele, wala asiokote chochote, hata kigae. Chokaa ya ukanda huu ni malighafi ya saruji, na machimbo yako katika sehemu mbalimbali za kaunti. Mwamba ukishalipuliwa, tabaka zilizomo haziwezi kurejeshwa kwa fedha yoyote.

Hapa ndipo mfano wa Waitomo unapofaa. Pango lile lilichunguzwa mwaka 1887 na Tane Tinorau, chifu wa Kimaori, pamoja na Mwingereza Fred Mace, na chifu ndiye aliyewatembeza wageni wa mwanzo. Mwaka 1906 serikali ililitwaa. Ilipofika 1989 ardhi na pango vilirudishwa kwa wazawa wake, ambao leo hupata sehemu ya mapato na wengi wao hufanya kazi hapo. Dzitsoni hakuna umati wa watalii kama huo, na huenda hautakuwepo, lakini mgeni anaweza kuuliza mapema kama sehemu ya fedha anazotoa mjini Malindi itafika kwa wanaoishi karibu na pango. Jibu likisitasita, atafute mwongozaji wa hukohuko.

Vaa suruali ndefu na viatu vilivyofunika miguu, chukua maji na tochi, na uwe kwenye kituo cha msitu mapambazuko iwapo unamtaka sengi. Tochi iwe ya mwanga hafifu unapomfuata bundi. Ukirudi Muyeye usiku wa masika, izime kabisa penye nyasi ndefu zenye unyevu, ungoje macho yazoee giza. Wale vimulimuli ulioambiwa hawapo pangoni, hapo ndipo pa kuwatafuta.