Mtandao wa Wasomi Usio wa Biashara: Safari ya RENU Nchini Uganda

Neno mtandao limetokana na kitenzi tandaa, yaani kuenea. Leo ukilisikia hapa Kampala, huenda unafikiria kampuni za simu na bei ya vifurushi vya data. Fikra hiyo ni ya kawaida, lakini historia yatufundisha jambo jingine. Mitandao ya kompyuta ilianza kutandazwa na watafiti na vyuo vikuu kabla wafanyabiashara hawajaiona kuwa soko.

Mwaka 1969, nchini Marekani, mtandao ulioitwa ARPANET uliunganisha vituo vinne vya elimu na utafiti kwa fedha za serikali. Mwaka 1984 Uingereza ilizindua JANET kwa ajili ya vyuo vyake. Mtandao mwingine wa Marekani, NSFNET, ulikuwa na masharti yaliyozuia shughuli za biashara kupita katika njia zake kuu, nao ulifungwa mwaka 1995, kampuni binafsi zilipokuwa zimeshika usukani. Hata hivyo, mataifa mengi yaliendelea kuwa na mtandao wa pekee kwa elimu na utafiti. Jirani zetu wa Kenya walianzisha wao, KENET, mwaka 1999.

Je, Uganda ilikuwa wapi? Mwanzoni mwa miaka ya 1990, Chuo Kikuu cha Makerere kilikuwa miongoni mwa vyuo vya Afrika Mashariki na Kusini vilivyoshiriki katika mradi wa ESANET, pamoja na vyuo vya Nairobi, Dar es Salaam, Zambia na Zimbabwe. Barua pepe za wakati huo zilisafiri kwa laini ya simu ya kawaida. Kompyuta ilikusanya barua, ikazihifadhi, kisha ikapiga simu kwa wakati uliopangwa na kuzikabidhi kwa kompyuta nyingine, nayo ikazipeleka mbele. Jibu lilisubiriwa kwa subira. Lakini mtafiti aliyezoea kungoja barua ya posta kwa majuma aliiona hatua hiyo kuwa kubwa.

Baadaye yalikuja madishi ya setilaiti. Uganda haina pwani, na kabla ya mwaka 2009 hapakuwa na mkongo wa baharini uliofika Mombasa ambao tungeweza kuutegemea. Kila taarifa ilipaa takriban kilomita 36,000 hadi kwenye setilaiti, kisha ikateremka umbali kama huo. Gharama ilikuwa ya kutisha: megabiti moja kwa sekunde iliweza kugharimu maelfu ya dola kila mwezi. Kila chuo kilijadiliana peke yake na muuzaji, na kila chuo kiliumia peke yake. Kidole kimoja, kama wasemavyo wahenga, hakivunji chawa.

Hapo ndipo lilipozaliwa wazo la kuungana. Mwaka 2006 wakuu wa vyuo vikuu na taasisi za utafiti walikubaliana kuanzisha mtandao wa utafiti na elimu wa Uganda, unaojulikana kwa kifupi kama RENU. Wakati huohuo mitandao ya aina hiyo kutoka nchi mbalimbali za Afrika Mashariki na Kusini ilikuwa imeunda muungano wa UbuntuNet, wenye makao yake Lilongwe, Malawi. Litazame jina hilo kwa jicho la lugha: ubuntu ni ndugu wa neno letu utu, na ndugu wa obuntu katika Luganda.

Kuungana kwa jina hakukutosha. Kwa miaka kadhaa RENU ilikuwa makubaliano zaidi kuliko nyaya. Mambo mawili yalisaidia kubadili hali hiyo. La kwanza, mkongo wa SEACOM ulianza kazi Julai 2009, na mikongo mingine ikafuata, hata bei ya mawasiliano ikaanza kushuka. La pili, mradi wa AfricaConnect ulioanza mwaka 2011 uliwezesha UbuntuNet kujenga njia za kikanda na kuunganishwa na GÉANT, mtandao wa watafiti wa Ulaya. Katika awamu ya kwanza, Umoja wa Ulaya ulilipa asilimia 80 ya gharama, na washirika wa Afrika wakalipa asilimia 20.

Sasa tuulize: mtandao usio wa biashara ni upi? Si mtandao wa bure. Wanachama hulipa ada. Tofauti ni kwamba RENU haina wenye hisa wanaongoja gawio. Wanachama wenyewe ndio wenye mali, na kinachobaki hurudishwa katika kazi. Wao hununua kwa jumla, kisha hugawana. Anayeijua desturi ya bulungi bwansi ya Buganda, ambapo wanakijiji hutengeneza barabara na kusafisha kisima kwa pamoja, ataelewa upesi.

Matunda yake huonekana katika huduma ya eduroam. Mwanafunzi wa chuo kimoja akizuru chuo kingine, Gulu au Nairobi au Ulaya, hutumia jina na nywila ya chuo chake mwenyewe. Chuo mwenyeji huuliza chuo cha nyumbani, "Huyu ni wenu?" Kikijibu ndiyo, mlango hufunguka.

Lakini mwalimu hafai kusifu bila kupima. Machi 2020, shule na vyuo vilipofungwa kwa sababu ya UVIKO-19, udhaifu mkubwa ulijitokeza: nyaya ziliishia chuoni, ilhali mwanafunzi alikuwa kijijini. Huko alitegemea data ya kampuni za simu. Isitoshe, tangu Julai 2018 serikali ilikuwa ikitoza shilingi 200 kwa siku kwa mitandao ya kijamii, ikiwemo WhatsApp, ambayo kwa wengi ilikuwa darasa. Mwaka 2021 kodi hiyo iliondolewa na nafasi yake ikachukuliwa na ushuru wa asilimia 12 kwa data, huku sheria ikisamehe huduma za afya na elimu. Msamaha huo waonyesha kwamba hata Bunge lilitambua kuwa njia ya kufikia maarifa si bidhaa kama bidhaa nyingine.

Kwa hiyo, mwananchi wa kesho, historia ya RENU ni historia ya raia walioamua kumiliki kwa pamoja kitu ambacho hakuna aliyeweza kukinunua peke yake. Kazi iliyobaki ni kuufikisha umiliki huo nje ya lango la chuo, na kuulinda siku ambayo mfadhili atafunga mkoba wake.

Maswali ya kujadili darasani:
1. Eleza tofauti kati ya huduma ya bure na huduma isiyo ya biashara.
2. Je, ni haki raia asiye mwanafunzi kubaki nje ya mtandao wa elimu? Toa hoja mbili.
3. Tunga sentensi ukitumia maneno haya: mkongo, gawio, nywila, umiliki.