Kizuka: istilahi ya kiumbe wa kimya

Kizuka ni kiumbe wa kufikirika anayemtokea mtu ghafla, akaonekana, kisha akatoweka pasipo kusema neno. Jina lake limetokana na kitenzi *zuka*, yaani kutokea bila kutazamiwa. Vita huzuka, uvumi huzuka, na katika Mji wa Kale wa Mombasa, ukiiacha Ndia Kuu ukaingia vichochoroni, ambako nyumba zimebanana hata anayekuja haonekani mpaka apinde kona, binadamu naye huzuka. Shina hilohilo limetupa *mzuka*, na likatupa pia *uzushi*, neno linalotumika kufasiri bidaa katika dini.

Ninalitetea neno hili kwa sababu watunzi na wafasiri wa hadithi za ajabu wamezoea kukiita kila kisichoelezeka jini. Tamthilia ya Uingereza, Doctor Who, ilileta mwaka 2011 viumbe ambao jina lao maana yake ni Kimya, na ambao mtu huwasahau mara tu akigeuza macho. Wakiitwa majini kwa Kiswahili, msomaji wa Mombasa atatazamia mambo mengine kabisa, kwa kuwa jini anayemjua yeye ana lugha yake, kabila lake na madai yake.

Pwani yetu ina viumbe wengi, na wengi wao wana sauti. Pepo akimpanda mtu, mtu huyo huwa kiti, na kazi kubwa ya mganga ni kumfanya pepo ataje jina lake na aseme anachotaka. Zimwi la ngano hunguruma na kudanganya, na katika hadithi moja inayojulikana sana Afrika Mashariki humtia msichana ndani ya ngoma na kumlazimisha aimbe. Popobawa, aliyetia hofu Pemba na Unguja mwaka 1995, alisemekana kumwamuru aliyemvamia awasimulie wenzake, la sivyo atarudi. Chunusi, anayesadikiwa kuwavuta waogaji chini, hasemi. Lakini yeye ni kiumbe wa ndani ya maji, na anajulikana kwa tendo lake la kuzamisha. Kizuka hadai wala hazamishi. Kuonekana kwake ndiyo habari yake yote.

Kamusi zinalipa neno hili maana ya pili: mwanamke aliyefiwa na mume, akawa anakaa eda. Kwa Waislamu, wa Mji wa Kale na kwingineko, eda ya kufiwa ni miezi minne na siku kumi, kama ilivyoamriwa katika Sura ya Al-Baqara. Mjamzito humaliza yake akijifungua. Mjane hukaa nyumbani, akaacha manukato, wanja na mapambo. Sheria haikumkataza kusema. Ni mila iliyoongeza utulivu, sauti ya chini na kujitenga na wanaume wasio maharimu wake.

Nionavyo, maana hizi mbili zinasaidiana. Mjane yupo, kila mtu mtaani anajua kwamba yupo, na kutoonekana kwake barazani kunawafanya watu wapunguze sauti wanapopita mlangoni. Kimya cha namna hiyo kina uzito na kinadai heshima. Mtunzi akikielewa hivyo, hatamfanya kizuka wake kuwa kitisho kitupu, wala hatamdhalilisha mjane kwa kumgeuza dudu la kutishia watoto.

Sasa sifa yake. Tusimwite *kizuka bubu*, maana bubu ni mtu asiyeweza kusema, na hapo tutakuwa tumeuchukua ulemavu tukaufanya alama ya kutisha. *Kimya* ni hali ya mahali palipokosa sauti; nyumba huwa kimya, usiku huwa kimya. *Mnyamavu* ni yule mwenye la kusema akachagua kulizuia, na huyo ndiye anayetuhusu. Wahenga walipotamka kwamba kimya kingi kina mshindo mkuu, walikuwa wakizungumzia nguvu iliyozuiwa.

Istilahi kamili ninayopendekeza ni *kizuka mnyamavu*, na wingi wake *vizuka wanyamavu*. Ingawa jina lina umbo la ki-/vi-, huyu ni kiumbe mwenye uhai, kwa hiyo upatanisho ni wa a-/wa-, kama ilivyo kwa kiboko na kifaru: kizuka *amesimama*, vizuka *wamesimama*. Mwandishi akiandika *kizuka kimesimama*, amekigeuza kuwa kitu, na msomaji hatakitarajia kitazame, kikumbuke wala kiamue.

Basi anayebuni kiumbe wa aina hii aanze kwa kujiuliza kiumbe wake anazuia neno gani, na kwa nini. Akishapata jibu, jina la kumpa tunalo tayari, na sarufi yake inajulikana.