Korona katika Kisii na Nyamira (2021)

Kirusi kipya cha korona kilitangazwa Kenya tarehe 13 Machi 2020, na wiki mbili baadaye nchi nzima ikawekewa kafyu. Kisii na Nyamira zilibanwa zaidi Juni 2021, aina ya Delta ilipoenea magharibi mwa nchi. Serikali iliziweka katika kundi la kaunti 13 zilizopewa kafyu ya saa moja jioni hadi saa kumi alfajiri. Masoko ya mifugo na ya bidhaa zisizo chakula yalisimamishwa siku 30: ndizi na parachichi ziliuzwa, mitumba ikabaki imefungwa marobotani. Ibada za ana kwa ana zilisitishwa pia.

Amri nzito kuliko zote, bila shaka, ilihusu mazishi: marehemu azikwe ndani ya saa 72, waombolezaji wasizidi 50. Kwa Abagusii, wenyeji wa kaunti hizi mbili, msiba huvuta siku nyingi, jamaa wakingojewa kutoka Nairobi na ng'ambo, sufuria zikichemka uani. Hamsini hawatoshi hata ukoo mmoja.

Chanjo zilikuwa zimeanza kuwasili Kenya Machi 2021. Kafyu iliondolewa kote nchini tarehe 20 Oktoba mwaka huo.